Mswidi wa Croydon

Miradie aliponiambia kwa mara ya kwanza kwamba yeye ni Mswidi, tulikuwa kwenye foleni ya chakula baada ya ibada, kila mmoja na sahani yake ya karatasi, na mimi nikacheka.

"Mswidi wa wapi?"

"Wa Borås," akajibu, kama mtu anayesema wa Moshi.

Mimi ni mtu wa Korogwe. Niliangukia kanisa la Wakongo kwa sababu lilikuwa karibu na kituo cha tramu, nikabaki kwa sababu ya nyimbo. Tunasali katika ukumbi wa kukodi nyuma ya karakana ya matairi, hapa Croydon, kusini mwa London, na kila mtu ana historia yake ya kufika. Wengi wamefika kwa njia ndefu. Miradie alikuwa wa kwanza kuniambia kwamba alifika kwa ndege ya bei poa kutoka Göteborg, akiwa na pasipoti ya Uswidi na begi lililojaa viatu, kabla Uingereza haijajitoa Ulaya.

Alizaliwa Uvira, Kongo. Baba yake alifia vitani, na mama yake, Marie-Claire, akapelekwa Uswidi na binti huyo mmoja akiwa bado anabebwa mgongoni. Huko Borås mama alisafisha shule. Mtoto alijifunza Kiswidi haraka mpaka ikawa yeye ndiye anayemsemea mama benki, dukani na kwa daktari. Walimu walipenda kumwambia kwamba anaongea vizuri sana. Waliendelea kumwambia hivyo hata alipofika sekondari, ingawa wenzake darasani, waliozaliwa mtaa huo huo aliokulia, hakuna aliyewapongeza kwa kuongea.

Akiwa sekondari, mwongozaji mmoja wa filamu alikuja shuleni kutafuta msichana wa kucheza mkimbizi. Miradie alisoma mistari yake vizuri, kwa sauti iliyotulia. Mwongozaji akakuna kidevu.

"Unaongea vizuri mno," akamwambia. "Huyu msichana amefika juzi. Huwezi kuongea kama mtu aliyefika juzi?"

Miradie hakumjua mtu yeyote aliyefika juzi. Aliyemjua ni mama yake. Basi akaichukua sauti ya mama yake nzima: namna alivyochanganya maneno, alivyosimama katikati ya sentensi kutafuta neno, alivyocheka kidogo kila alipokosea ili asichekwe kwanza. Mwongozaji akafumba macho. Alisema ule ulikuwa ukweli mtupu.

Filamu ilipoonyeshwa mjini kwao, Marie-Claire alivaa kitenge chake cha harusi za watu na kukaa safu ya mbele. Watu walilia palipotakiwa kulia, na palipotakiwa kucheka wakacheka. Taa zilipowashwa, wote walisimama kumpigia makofi binti yake. Marie-Claire alibaki amekaa.

Njiani kurudi nyumbani akauliza kwa Kiswahili cha kwao, "Kumbe miye njo minasemaka vile?"

"Mama, ni filamu tu."

"Nimeuliza tu. Batu walikuwa wanacheka."

Tangu siku hiyo Marie-Claire hakusema tena Kiswidi. Dukani alinyoosha kidole. Kazini alitikisa kichwa. Baada ya miezi kadhaa alihamia London kwa dada yake, akapata kazi ya kuhudumia wazee majumbani, akaanza kuharibu Kiingereza kwa raha zake, mahali ambapo kila mtu kwenye basi ana Kiingereza chake cha kuharibu.

Miradie yeye alipata zawadi ya mwigizaji chipukizi, shada la maua na picha gazetini. Gazeti lilimwita fahari mpya ya sinema ya Uswidi. Fahari hiyo ikafunguliwa milango. Alicheza mkimbizi, halafu mkimbizi mjamzito, halafu dada wa mkimbizi. Siku moja aliambiwa kuna nafasi ya daktari, akashangilia, akanunua keki. Alipousoma mchezo alikuta daktari huyo anapiga deki hospitalini kwa sababu vyeti vya kwao havikukubaliwa. Akaigiza. Alilipwa, akasifiwa, na kila mara kabla ya kupiga picha mwongozaji alimkumbusha kwa upole aharibu Kiswidi chake. Alijaribu kubuni namna nyingine ya kukiharibu, lakini ile ya mama yake ndiyo waliyoitaka.

Alipochoka akamfuata mama yake London. Alidhani katika mji mkubwa kama huu mwigizaji mweusi anaweza kucheza mtu yeyote.

Wakala wake hapa ni Rupa, mama wa Kihindi aliyezaliwa Kisumu na kukulia Kenton, hapa hapa London. Ofisi yake ni chumba juu ya duka la vitamutamu la shemeji yake, Kingsbury Road, na ukikaa nusu saa unatoka unanukia iliki. Rupa anapiga simu kwa Kiingereza, anagombana kwa Kigujarati, na akiwa na Miradie wanazungumza Kiswahili, yeye cha Kisumu, mwenzake cha Uvira.

"Wacha nikuambie ukweli," Rupa alimwambia mapema. "Hapa watataka uwe Mwafrika."

"Miye ni Mwafrika."

"Si hivyo. Hivyo uko sana. Wanataka Mwafrika ile iko kwa kichwa yao."

Akamtuma kwenye usaili wa mama Mnigeria, wa muuguzi Mganda, wa shangazi ambaye nchi yake haikutajwa. Kila mahali walimsikiliza, wakatazamana. Kiingereza chake kilipanda na kushuka kama cha watu wa Ulaya ya kaskazini.

"Hiyo lafudhi ni ya wapi?" wakamwuliza mahali fulani.

"Ya Uswidi."

"Aha. Unaweza kuweka ya Kiafrika?"

"Ya Afrika ipi?"

"Ya Kiafrika tu," wakasema, na walikuwa wanamaanisha.

Kanisani nako hatukumsaidia. Pasteur Gervais alimtangaza mbele ya wote kuwa mcheza sinema wa kimataifa, na Pasaka ilipokaribia akatoa sehemu za igizo la mateso. Miradie alitarajia Maria, au walau Magdalena. Alipewa mke wa Pilato.

"Juu ya nini?" akauliza.

"Ule mama alikuwa muzungu," Pasteur akamweleza bila ubaya wowote, "na weye, mtoto yangu, unasemaka Kiswahili kama muzungu."

Hiyo ndiyo ilikuwa mara ya kwanza maishani mwake kupewa nafasi ya Mzungu, na alikuwa na sentensi moja.

Kisha ikaja tamthilia ya Inspekta Ekvall. Ilikuwa ya televisheni, habari za mpelelezi wa kike wa Stockholm anayefuata muuaji mpaka London na kurudi. Nusu ya mazungumzo yangekuwa ya Kiswidi, na maandishi ya Kiingereza chini. Watayarishaji walitangaza kwamba wanatafuta mwigizaji wa Kiswidi anayeishi London na anayeongea lugha zote mbili. Rupa alipoona tangazo alishuka ngazi na kula jalebi, jambo alilokatazwa na daktari.

"Hii ni yako," akasema. "Hii hata hawawezi kuninyima."

Miradie alikwenda. Kwa mara ya kwanza tangu awe mwigizaji alisoma Kiswidi chake mwenyewe mbele ya watu wa filamu, bila kukivunja mguu. Mwongozaji alimsikiliza mpaka mwisho, akasema hajasikia Kiswidi kizuri kama hicho wiki nzima. Akamshukuru sana. Siku iliyofuata Rupa alipokea simu, na baada ya kuiweka chini akaanza kupanga karatasi ambazo zilikuwa zimekwisha kupangwa.

"Wamesema nini?" Miradie akauliza.

"Wanataka mtu mwenye uhalisia zaidi."

"Uhalisia wa nini?"

"Wa Uswidi," Rupa akasema. "Wamempata. Anaitwa Imogen. Ametoka Surrey, hapa hapa Uingereza. Hajui neno hata moja. Wanauliza kama utaweza kumfundisha."

Ningekuwa mimi ningekataa. Miradie alikaa na lile jambo siku mbili, akakubali. Aliniambia baadaye kwamba alitaka kuona kwa macho yake jinsi Mswidi halisi anavyotengenezwa.

Shida ni kwamba Imogen alikuwa mtu mwema. Ingekuwa rahisi zaidi angekuwa na maringo. Alikuja kwenye masomo kabla ya wakati, alileta maua, aliuliza habari za Borås na kusikiliza majibu. Alirudia kila neno mpaka koo likakauka. Lakini Kiswidi kilimkataa. Alikitamka kama mtu anayeongea huku anapigwa mswaki na mtu mwingine.

Picha zilipigwa hapa hapa Croydon. Yale majengo yetu ya ofisi, marefu na ya kijivu, yalikodiwa yawe Stockholm. Walimwaga theluji ya karatasi barabarani, wakabandika vibao vya Kiswidi kwenye kituo cha tramu, na watu waliokuwa wanaelekea kwenye miadi yao ya uhamiaji walipita katikati ya Stockholm wakiwa na bahasha zao kwapani, wakielekezwa na kijana wa redio ya mkononi wasitokee kwenye picha. Imogen alisimama kwenye theluji na koti refu, nywele zikipeperushwa na feni. Nyuma ya lori la umeme, amekaa kwenye kiti cha kukunja na vidude vya kusikilizia masikioni, alikuwapo Mswidi pekee wa eneo lile, akiandika makosa ya matamshi.

Walipofika kwenye kuhariri wakakubali kwamba Kiswidi cha Imogen hakitumiki. Mtayarishaji alimwita Miradie kwenye chumba kidogo mjini, akamweka mbele ya kipaza sauti na picha kubwa ya Imogen. Alipaswa kutazama midomo ya mwenzake na kuweka sauti yake humo, neno kwa neno, Kiswidi chote cha tamthilia nzima. Ilichukua majuma. Alipumua Imogen alipopumua. Alilia Imogen alipolia. Mwishoni mtayarishaji alimshika mkono kwa mikono yote miwili na kumwomba jambo hilo lisisemwe nje, ili lisivunje ule uhalisia.

Tamthilia ilipendwa. Ilipendwa Uingereza, halafu ikanunuliwa Uswidi, na huko ndiko walikoingiwa na wazimu. Waswidi wana kawaida ya kukichambua Kiswidi cha wageni kama watu wanaotafuta mawe kwenye mchele. Safari hii hawakuona jiwe. Magazeti yaliandika kwamba kwa mara ya kwanza Mwingereza ameheshimu lugha yao. Mwandishi mmoja alisifu jinsi Imogen alivyonasa hata mguso wa lafudhi ya magharibi, ile ya upande wa Borås, jambo lililomwonyesha kuwa binti huyo alifanya utafiti wa kina.

Rupa alimsomea maneno hayo kwenye simu. Miradie alimwomba arudie ile sehemu ya utafiti.

Marie-Claire hakuwa ameambiwa chochote. Alikuwa kazini kwa bibi mmoja wa Purley, mchana, anamkatia bibi kucha huku televisheni ikiwa imewashwa kwa ajili ya kelele tu. Akasikia Kiswidi. Kwa kawaida angebadilisha stesheni. Safari hii alisimama na mkasi mkononi, akasogea mpaka kioo kikawa karibu kumgusa pua. Jioni hiyo binti yake alipofika kula, hakusalimiwa.

"Miradie. Kuna muzungu mu televisheni amekuibia sauti."

Miradie alivua koti polepole. "Hajaiba, mama. Nimempa."

"Umempa? Sauti inapewaka?"

"Ni kazi. Walinilipa."

"Na batu wanajua ni yako?"

"Hapana."

Marie-Claire akaweka sahani mezani, akaketi mbele yake. Miradie aliniambia kwamba alijiandaa kusikia mahubiri, au kesi, kwa kuwa mama yake ana kipaji cha vyote viwili. Badala yake mama aliuliza, "Na weye ulijisikia namna gani, ulipoona batu wanasifu?"

Hapo Miradie alishindwa kula. Alisema alijisikia kama mtu amekaa safu ya mbele, taa zimewashwa, wote wamesimama isipokuwa yeye. Alisema hivyo bila kupanga, na alipoyasikia maneno yake mwenyewe akafunika uso kwa mikono.

"Mama, nisamehe. Ile filamu ya kwanza. Sikuuliza hata."

"Ulikuwa mutoto," Marie-Claire akasema. "Halafu, kusema kweli, ulinifanya vizuri. Ata dada yangu hawezi kunifanya vile." Kisha akamwambia kwa Kiswidi, Kiswidi kile kile cha kupindapinda ambacho hakuwa amekitoa kinywani miaka yote hiyo, kwamba ale, chakula kinapoa.

Wakaanza kula, wote wawili wakilia na kucheka. Naijua habari hii kwa sababu Marie-Claire aliisimulia kanisani wakati wa ushuhuda, ikachukua muda mrefu kuliko mahubiri.

Baada ya hapo Imogen alialikwa Stockholm kwenye kipindi cha redio, moja kwa moja. Alimpigia Miradie akiwa amechanganyikiwa.

"Watanisemesha," akasema. "Nitafanyaje? Njoo nami, tafadhali. Nitasema wewe ni msaidizi wangu."

Wakaenda. Imogen alijifunga skafu shingoni na kuwaambia wenyeji, kwa kunong'ona na kwa Kiingereza, kwamba sauti imemkauka, msaidizi wake atamjibia. Mtangazaji, mama wa makamo mwenye miwani mikubwa, akakubali. Alimwuliza Imogen swali la kwanza kwa Kiswidi, na Miradie akajibu.

Lakini ile ilikuwa redio. Wasikilizaji hawakuona skafu, wala hakuna aliyewaeleza habari za msaidizi. Walichosikia ni Inspekta Ekvall, yule yule wa televisheni, anajibu maswali kwa ufasaha na hata kutania. Simu zilimiminika. Watu walisema hawakuamini kwamba Mwingereza anaweza kujifunza lugha yao mpaka aweze kutania ndani yake. Mtangazaji alitazama midomo ya Miradie, akamtazama Imogen, akaitazama tena ile midomo, na rangi ikamtoka.

Kipindi kilipokwisha alimfuata Miradie kwenye korido. Miradie alidhani wakati wa ukweli umefika.

"Samahani kukusumbua," mtangazaji akamwambia. "Kiswidi chako ni kizuri mno. Umejifunzia wapi?"

Kwenye ndege ya kurudi Imogen alisema anaona aibu, na kwamba angependa kusema ukweli hadharani. Miradie akamwambia aseme. Imogen alikusudia kabisa kusema. Kisha akaitwa Marekani kwenye filamu kubwa, na mambo yakawa mengi.

Tamthilia ilibaki bila uso. Watayarishaji walitafuta mwanamke mwingine mwenye nywele za manjano, wakampata, wakampigia Rupa kuomba ile sauti tena, kwa kuwa watazamaji wameizoea. Rupa alipendekeza kwa heshima kwamba sauti hiyo ina mwenyewe, na mwenyewe ana uso. Walimjibu kwamba hilo lingewachanganya watazamaji.

Hapo Miradie akakataa. Rupa alimsihi afikirie vizuri.

"Nimefikiri," akasema. "Wakitaka sauti, itakuja na mwili wake. Miye sigawi vipande."

Msimu wa pili ukatoka na sauti nyingine, ya binti wa Malmö, huko huko Uswidi. Waswidi wakalalamika. Waliandika kwamba mpelelezi mpya hasikiki kama Ekvall. Wengine walisema hasikiki kama Mswidi kabisa, wakati yule binti alikuwa wa Malmö kwa pande zote mbili. Watayarishaji wakarudi Kingsbury Road wakiwa wapole, wakapandishwa ngazi, wakanyweshwa chai ya maziwa, na Rupa akawaacha waongee mpaka walipotoa walichonacho: Inspekta Ekvall angepata dada. Dada wa kulelewa pamoja, mwanasheria, Mswidi wa Borås. Hangekuwa mkimbizi wala hangeshika fagio. Angeongea Kiswidi kilichonyooka, kwa mdomo wake mwenyewe.

Nilikwenda kumwona wakipiga picha. Safari hii alikuwa upande ule wenye theluji, na koti refu, na feni ikimpulizia nywele ambazo hazikutaka kupeperuka. Alifanya tukio moja mara nyingi na hakuonekana kuchoka. Marie-Claire aliomba ruhusa kwa bibi wa Purley, akaja na bibi mwenyewe kwenye kiti cha magurudumu, wakagawana biskuti na walinzi.

Msimu huo ulipotoka, Rupa alipiga simu Jumamosi tukiwa jikoni kanisani tunamenya ndizi kwa ajili ya ubatizo. Alikuwa amesoma gazeti la Stockholm kwa msaada wa mashine ya kutafsiri, na alikuwa anafoka mpaka sisi wote tukasikia.

"Wanasema uko sawa! Wanasema una kipaji! Lakini wanasema unamwiga Imogen! Ati sauti ni ya kuiga, mpaka lafudhi! Ati ingefaa utafute sauti yako mwenyewe! Niwaandikie? Niwaandikie nini hawa watu?"

Miradie aliweka kisu chini. Alicheka mpaka akakaa kwenye gunia la mchele, na sisi tulipoelezwa tukaanza kucheka naye, kasoro Pasteur Gervais, aliyetaka aelezwe tena kutoka mwanzo.

Marie-Claire hakuacha kumenya. "Imogen njo nani?" akauliza.

"Yule wa kwanza, mama. Wa nywele."

"Ah. Ule mutoto alikuwa na adabu." Akasukuma beseni kwa binti yake. "Waambie msimu wa tatu dada wa polisi apate mama. Mama anayesemaka Kiswidi yake vile anapenda. Mimi Jumanne na Alhamisi niko na nafasi."

 Kwenye simu tukamsikia Rupa akiuliza, kwa sauti ya kazi kabisa, kama Marie-Claire ana picha nzuri za uso.